Mashine ya Kuoshea Vyombo Chini ya Kaunta ya Granaiti: Pima Kwanza, Nunua Baadaye

Swali ni lilelile kila mara: "Jikoni kwangu kuna granaiti tayari. Je, mashine ya kuoshea vyombo inaweza kuingia chini yake?" Anauliza aliyemaliza kujenga Kimara, anauliza aliyepanga Nyali, anauliza ambaye dada yake ameshamtumia mashine kutoka Dubai na sasa imekaa sebuleni ndani ya boksi lake ikisubiri fundi. Nimeamua kujibu kwa kirefu, ili anayetaka kuanza kazi hii aanze akijua kinachomsubiri.

Jibu fupi ni ndiyo, inaingia. Lakini mwenye kupanga masharti ni jiwe, wala si mashine. Kaunta ya mbao ukikosea unaranda, unapachika kipande, kazi inaendelea. Granaiti yenye unene wa sentimita 2 ina uzito wa kilo 54 hivi kwa kila mita ya mraba. Kipande cha urefu wa mita 2.4 na upana wa sentimita 60 kinakaribia kilo 80, na kikipasuka hakirudi kuwa kizima. Kwa hiyo kazi hii inaamuliwa na futi ya kupimia kabla pesa haijatoka, na ina katazo moja ambalo sitalilegeza mahali popote katika makala haya: hakuna skrubu inayopandishwa juu kuingia kwenye jiwe.

## Jua kaunta yako imejengwaje

Huku kwetu kuna kaunta za namna mbili.

Ya kwanza ni ya kujengwa. Fundi alipandisha vikuta vya tofali, akamwaga slebu ya zege yenye nondo, kisha akalaza granaiti juu kwa saruji. Nyumba nyingi zina hii. Ni imara sana, lakini slebu inakula kimo. Chukua kaunta ambayo uso wake uko sentimita 90 kutoka sakafuni. Toa granaiti sentimita 2, toa saruji ya kulazia sentimita 2, toa zege sentimita 8. Umebaki na 78. Mashine ya kawaida, hata miguu yake ikishushwa hadi mwisho, inataka sentimita 81.5 au 82. Hapo ndipo wengi wanapokwama, na wanagundua wakati gari lililoleta mzigo limeshaondoka.

Ya pili ni ya makabati ya kisasa: MDF au plaiwudi kwa chini, granaiti juu yake, bila zege. Hapa kimo kinatosha. Shida zake ni mbili tu, unyevu na namna ya kuifunga mashine isiyumbe, na zote nitazifikia.

Kutambua uliyonayo ni rahisi. Fungua kabati, piga magoti, pitisha kiganja chini ya kaunta. Ukigusa zege lenye alama za mbao zilizotumika kumwagia, ni ya kujengwa. Ukigusa jiwe lenyewe, baridi na lenye mistari ya msumeno, ni ya makabati. Ukigusa ubao, basi kuna plaiwudi iliyowekwa chini ya jiwe. Kumbuka jambo hilo tukifika kwenye mvuke.

## Vipimo vya mashine zilizoko sokoni

- Mashine pana: upana wake huandikwa sentimita 60, kwa uhalisi 59.8. Kina ni sentimita 55 hadi 60. Za kuingizwa chini ya kaunta zina miguu inayopanda na kushuka, na kimo chake ni kati ya sentimita 81.5 na 87.
- Mashine ya kusimama peke yake: upana uleule, lakini ina mfuniko juu, hivyo kimo ni sentimita 84.5 au 85. Katika nyingi mfuniko hufunguliwa kwa skrubu za nyuma, kimo kikashuka hadi 82 hivi. Si zote zinazoruhusu. Soma kijitabu, au mwambie muuzaji akuonyeshe dukani kabla ya kulipa.
- Mashine nyembamba: upana sentimita 45. Kimo ni kilekile.
- Mashine ndogo ya juu ya meza: upana sentimita 55, kina 50, kimo 44 hivi. Inaosha vyombo vya watu sita.

## Namna ya kupima tundu

Pima mwenyewe, halafu fundi apime bila kuambiwa ulichopata. Vipimo visipolingana, rudieni pamoja.

1. Upana pima juu, katikati na chini; kisha rudia kwa nyuma. Lipu haiko sawa hata siku moja. Andika kipimo kidogo kuliko vyote, hicho ndicho cha kweli. Kati ya kuta za tofali usikubali chini ya sentimita 60.5 kwa mashine pana, la sivyo itakwaruza njia nzima.
2. Kimo pima kushoto na kulia, mbele na nyuma.
3. Kina pima kutoka ukutani hadi ukingo wa mbele wa kaunta. Kama kuna koki au soketi iliyochomoza ukutani nyuma ya tundu, pima kuanzia hapo ilipochomoza.
4. Mlango ukifunguliwa unalala mbele kwa sentimita 60 hivi. Je, utagonga jokofu? Utagonga mshikio wa droo ya upande wa pili? Kama tundu liko kwenye kona, acha angalau sentimita 5 kati ya mashine na kona hiyo.

Kuhusu kimo nataka kusimama kidogo, kwa sababu kuna mtego ambao hata mafundi wazoefu wanauangukia. Mafundi wengi wa granaiti hubandika ukanda wa jiwe chini ya ukingo wa mbele ili kaunta ionekane nene. Ukiiangalia kwa mbele unaona jiwe la sentimita 4, ilhali kwa ndani ni 2 tu. Mtu anapima ndani, anapata sentimita 83, anafurahi. Mashine inapofika, inagota kwenye huo mdomo kwa sababu hapo kimo ni 81. Na hata ikipita kwa kuinamishwa, ukingo wa juu wa mlango unasugua jiwe kila unapofunguliwa. Pima chini ya mdomo. Kisha weka mstari wa penseli ukutani pale mashine itakapoishia juu, uone kwa macho kama mlango utafunguka.

Sakafu nayo ina mtego wake. Katika majiko mengi vigae vimeishia pale kabati linapoanzia, na chini ya kabati ni zege tupu lililo chini zaidi. Mashine ikiwekwa kwenye shimo hilo, siku ya kuitoa itazuiwa na vigae mbele na jiwe juu. Sawazisha sakafu ya tundu kwanza, kwa saruji au vigae vyenye unene uleule, ndipo upime kimo.

## Tundu likiwa fupi

Usikate tamaa, na usimruhusu mtu kushika nyundo bado. Jaribu kwa mpangilio huu.

Angalia kitako. Kaunta nyingi za kujengwa zimeinuliwa juu ya kitako cha zege cha sentimita 8 hadi 10, kile ambacho vidole vya miguu hukigusa unaposimama kuosha vyombo. Kitako hicho hakibebi slebu. Inayobeba ni kuta za pembeni. Kikivunjwa ndani ya tundu moja tu na sakafu ikasawazishwa, unapata kimo chote ulichokikosa bila kugusa jiwe. Katika njia zote hii ndiyo ninayoipenda zaidi. Kabla ya kuvunja, hakikisha hakuna bomba lililozikwa humo. Fundi avunje taratibu kwa patasi na nyundo ndogo, kwa sababu mtikisiko wa mashine kubwa ya kuvunjia unaweza kuachanisha granaiti na saruji iliyoilaza.

Fikiria mashine nyembamba au ndogo. Nyembamba inasaidia upana ukiwa ndio tatizo, maana kimo chake ni kilekile. Kimo kikikataa kabisa, ile ndogo ya juu ya meza inaweza kukaa kwenye rafu ndani ya tundu, au juu ya kaunta karibu na sinki. Kwa familia ya watu watatu au wanne wala si pungufu. Inawashwa mara mbili tu badala ya moja.

Kukata slebu ni njia ya mwisho. Inawezekana kuondoa zege juu ya tundu na kuacha granaiti ikiegemea fremu ya chuma. Lakini jiwe lililolazwa kwa saruji miaka mitano iliyopita halitoki zima kwa urahisi. Kama huna kipande cha akiba cha rangi ileile, jiandae kubadilisha kaunta yote. Kwa maoni yangu, ukifika hapa, bora mashine ikae mwishoni mwa kaunta, nje, na mfuniko wake juu.

Mtu ataniuliza: "Na kama nataka kuondoa kikuta cha kati ili nipate upana?" Swali la kwanza ni hili: maungio ya granaiti yako wapi? Jiwe zima la sentimita 2 linavuka nafasi ya sentimita 60 bila taabu likiwa limeegemea pande zote mbili. Lakini vipande viwili vikikutana juu ya tundu, au tundu la sinki likiwa hapo hapo, jiwe limebaki kama ukanda mwembamba mbele na nyuma ya sinki, na huo ndio unaopasuka. Mashine isiwekwe chini ya sinki kwa hali yoyote. Iweke kabati la jirani.

## Ikibidi kukata jiwe

Kuna wanaolazimika kupunguza mdomo wa granaiti au kupitisha bomba pembeni. Kazi hiyo ifanywe na fundi wa mawe, kwa grenda yenye diski ya almasi, huku maji yakimiminwa kwenye diski muda wote. Kukata kukavu ndani ya nyumba nakukataza kabisa. Vumbi la granaiti lina silika, na silika ikizoeleka kuvutwa huharibu mapafu bila kurudi nyuma. Kwa kwatsi ya kiwandani hatari ni kubwa zaidi, maana silika yake hufika zaidi ya asilimia 90, wakati granaiti kwa kawaida haifiki nusu. Australia ilipiga marufuku mawe hayo ya kiwandani kuanzia tarehe 1 Julai 2024 kwa sababu ya mafundi walioharibika mapafu. Mnunulie fundi wako barakoa ya kuzuia vumbi laini. Ile ya kitambaa haitoshi. Ni gharama ndogo, na fundi naye ni mtoto wa mtu.

## Maji ya kuingia

Mashine nyingi hutumia maji ya baridi na huyapasha zenyewe. Mpira wake wa maji una kichwa cha nusu na robo, yaani robo tatu ya inchi. Mwambie fundi bomba aweke koki ya pekee kwa ajili ya mashine, ndani ya kabati la sinki, mahali mkono unapofika bila kusogeza kitu. Koki ikiwa nyuma ya mashine, siku mpira ukipasuka utalazimika kuitoa mashine huku maji yakikimbilia sebuleni.

Swali gumu ni msukumo. Vijitabu vingi vinataka baa 0.3 au 0.5 kama kiwango cha chini. Maji hupata baa 1 kwa kila mita 10 za kimo. Kwa hiyo tangi lililo juu ya slebu ya nyumba ya chini, mita 3 au 3.5 juu ya mashine, linakupa baa 0.3 tu. Mashine moja itakubali, nyingine itasimama na kuwasha taa ya hitilafu. Tangi la kwenye mnara wa mita 6 lina nafuu. Jipime hivi: weka ndoo ya lita 10 chini ya koki itakayotumika na uifungue yote. Ikijaa ndani ya dakika moja, uko vizuri. Ikichukua dakika mbili au zaidi, nunua pampu ndogo ya kuongeza msukumo kabla ya kununua mashine.

Halafu kuna maji ya kisima. Wa Dar es Salaam na Mombasa wanajua ninachosema: maji yanayoacha ukoko mweupe kwenye birika. Mashine nyingi za Ulaya zina chumba cha chumvi sakafuni mwake, chenye kichujio kinachoondoa chokaa. Zingatia mambo matatu:

- Weka chumvi maalumu ya mashine, yenye chenga kubwa. Chumvi ya mezani ina madini joto na dawa ya kuizuia isigandamane, na huziba kichujio.
- Rekebisha kiwango cha ugumu wa maji kwenye mashine kama kijitabu kinavyoelekeza. Kiwango kilichotoka kiwandani hakijui kisima chako.
- Kichujio hicho kinaondoa chokaa. Hakiondoi chumvi iliyomo kwenye maji. Kama maji yako yana ladha ya chumvi mdomoni, yatakula chuma cha ndani, hata kile kisichoshika kutu. Hapo mashine ipewe maji ya mvua yaliyochujwa au maji ya mamlaka kutoka tangi la pembeni.

## Maji machafu ya kutoka

Mpira wa kutolea maji hauendi moja kwa moja chini. Upandishe kwanza hadi karibu na uvungu wa kaunta, uufunge hapo, ndipo ushuke kwenye bomba la sinki. Bila mwinuko huo, maji machafu ya sinki yanarudi kwenye mashine, au mashine inajimwaga yenyewe ikiwa katikati ya kazi. Kwenye ukuta wa zege tumia kishikizo cha bomba. Kwenye granaiti tupu funga mpira huo kwenye ubavu wa kabati, usiutundike kwenye jiwe.

Bomba la sinki linalouzwa siku hizi lina kipua cha pembeni kwa ajili ya kazi hii. Kinakuja kimezibwa. Fundi anachomeka mpira, anaukaza, anaondoka, na mashine inashindwa kutoa maji siku ya kwanza kwa sababu kizibo hakikutobolewa. Muulize kuhusu kizibo hicho akiwa bado yupo.

## Umeme

Mashine ina kipashio cha maji, na ikiwa inapasha inavuta kati ya wati 1,800 na 2,400. Kwa volti 230 hiyo inakaribia ampea 10. Kwa hiyo:

- Ipewe soketi yake ya ukutani ya ampea 13, kwa waya wa milimita 2.5, yenye ethi iliyopimwa. Maji na umeme vinakaa boksi moja hapa, na ethi ndiyo inayookoa maisha.
- Soketi iwe ndani ya kabati la jirani, juu kidogo ya sakafu. Isiwe nyuma ya mashine, isiwe chini ya koki.
- Hakuna eksitenshini. Zile za bei nafuu huyeyuka kichwa baada ya miezi michache ya kazi hii.
- Kifaa cha kulinda vyombo dhidi ya umeme unaopanda na kushuka kinafaa, lakini soma ampea zake. Kile cha jokofu mara nyingi hakibebi mzigo huu.

Mashine kutoka Dubai inatumia volti na plagi kama zetu. Ya Ulaya inatumia volti zetu, ila plagi ya miguu miwili ya mviringo ikatwe na fundi umeme aweke ya pini tatu. Adapta nyingi za mtaani zinakata ethi. Ya Marekani ni ya volti 120 na hezi 60. Kama una ndugu huko, mwambie asiitume.

Na wanaohofia LUKU, yaani umeme wa kulipia kabla: safari moja ya kuosha kwa mpango wa kubana matumizi hula karibu uniti 1 ya umeme na lita 10 hadi 12 za maji.

## Kuingiza mashine, hatua kwa hatua

Kazi hii inataka watu wawili.

1. Zima umeme wa jikoni kwenye swichi kuu na ufunge maji.
2. Toboa tundu la sentimita 8 hadi 10 kwenye ubavu wa kabati la sinki, chini kabisa na nyuma. Laini kingo zake kwa msasa, kisha upake silikoni kwenye MDF iliyobaki wazi. MDF isiyozibwa inavimba kwa tone moja la kila siku.
3. Kama jiwe limelazwa juu ya plaiwudi, bandika kwenye uvungu wake karatasi ya alumini yenye gundi. Mashine nyingi zinakuja na kipande hicho kwenye mfuko wa vifaa, na watu wanakitupa pamoja na boksi. Mvuke haulidhuru jiwe. Unaozesha ubao ulio chini yake.
4. Toa mfuniko kama ni ile ya kusimama. Shusha miguu hadi chini.
5. Tandika boksi lililokunjuliwa mbele ya tundu ili vigae visikwaruzwe.
6. Pitisha waya na mipira kwenye tundu la ubavuni kwanza, kabla mashine haijaingia. Mmoja anasukuma taratibu, mwingine yuko ndani ya kabati la sinki akivuta ulegevu. Hapa ndipo mpira unapojikunja. Ukihisi kizuizi, rudisha nyuma na uangalie. Usisukume kwa goti.
7. Usikate boksi la plastiki lililo kwenye ncha ya mpira wa kuingiza maji, hata kama linakusumbua kupita. Ndani yake kuna vali ya umeme. Ongeza ukubwa wa tundu la ubavuni.
8. Pandisha miguu mpaka ibaki nafasi ya milimita 3 hadi 5 chini ya jiwe. Mashine isilibebe jiwe. Tumia pimamaji kwa upana na kwa kina.

## Kuifunga bila kutoboa jiwe

"Lakini fundi anasema mashine ni nzito, haiendi popote." Anakosea. Fungua mlango, vuta kapu la chini na la juu yakiwa yamejaa sahani za udongo, na uzito wote unahamia mbele. Mashine inaangukia mbele, sahani zinafuata, na kama kuna mtoto mdogo amejiegemeza mlangoni, Mungu aepushe.

"Basi tutoboe kidogo tu, kwa kekee ya almasi." Hapana. Jiwe la sentimita 2 likitobolewa kwa chini, karibu na ukingo, linabaki na milimita chache, na ufa unaweza kutokea siku hiyo au miezi sita baadaye sufuria ikiwekwa juu kwa kishindo. Njia salama ni hizi.

Pembeni, kwenye kabati. Fungua mlango wa mashine hadi mwisho, utazame kingo za ndani kushoto na kulia. Katika mashine nyingi kuna vifuniko vidogo vya plastiki, ukubwa wa ukucha wa kidole gumba. Ving'oe kwa ncha ya kisu. Nyuma yake kuna tundu linalopitisha skrubu kwenda ubavuni mwa kabati. Kama kuna uwazi kati ya mashine na kabati, jaza kwanza kwa kipande cha plaiwudi chenye unene uleule. Kaza mpaka skrubu iguse, ongeza robo mzunguko, acha. Ukikaza zaidi, mwili wa mashine unapinda na mlango unaanza kuvujisha maji kwenye kona ya chini, nawe utahangaika kutafuta uvujaji kwenye mabomba ambayo hayana kosa. Rudisha vifuniko.

Pembeni, kwenye tofali. Funga ubao wa mbao ngumu ukutani kwa plagi na skrubu, kisha mashine ifungwe kwenye ubao huo. Unene wa ubao uhesabiwe kwenye upana tangu siku ya kupima.

Juu, kwa gundi. Pembeni kukikataa kabisa, bandika kipande cha mbao ngumu au bapa la alumini kwenye uvungu wa jiwe, kisha ufunge mashine kwenye kipande hicho. Unene wake nao uhesabiwe kwenye kimo tangu siku ya kupima.

- Safisha uvungu kwa spiriti na uukwangue kwa msasa. Vumbi la msumeno likibaki, gundi inashika vumbi badala ya jiwe.
- Tumia epoksi ya sehemu mbili. Gundi ya haraka ambayo mafundi wa granaiti huungia mawe haivumilii joto na unyevu wa mahali hapa kama epoksi.
- Egemeza kipande kwa fimbo kutoka sakafuni kwa saa 24 kabla ya kuingiza mashine.
- Skrubu iwe fupi kuliko unene wa kipande. Ncha yake ikigusa jiwe, kila unapokaza inasukuma kipande kibanduke.

Aliyepanga na mwenye nyumba hataki chochote kitobolewe bado ana njia: mashine ya kusimama yenye mfuniko wake, ikiegemea ukutani kwa nyuma. Nayo isifunguliwe makapu yote mawili kwa pamoja.

## Siku ya kwanza, na wiki inayofuata

Fundi asilipwe chote kabla ya jaribio hili.

1. Tandika karatasi kavu za tishu chini ya kila muungio na mbele ya mashine.
2. Fungua koki, subiri dakika kumi, tazama tishu.
3. Washa mpango mrefu wa maji moto, mashine ikiwa tupu. Maji kidogo utakayoyakuta ndani ya mashine, chini, kabla ya kuiwasha ni ya majaribio ya kiwandani, usihofu.
4. Inapotoa maji, shika mpira wa maji machafu kwa mkono na uangalie kipua cha sinki. Maungio mengi huvuja wakati huu, maji yakiwa ya moto, na si wakati wa kujaza.
5. Ikiisha, fungua mlango, vuta makapu yote mawili, ubonyeze mlango kwa kiganja. Mashine isitikisike.

Ule ubao wa chini unaoficha miguu usiuweke bado. Uache nje kwa wiki moja, na kila jioni mulika tochi chini hadi nyuma. Sakafu ikiendelea kuwa kavu, urudishe kwa sumaku au vibanio vya kubofya badala ya silikoni, ili utoke kwa mkono siku utakapotaka kukagua uvujaji usiku.